Aliyeshindwa Abebe Kiti

Ninyi vijana wa magitaa ya umeme mnanicheka kwa jambo moja: sinywi soda kabla ya kuigonga chupa kwa kucha na kuitegea sikio. Juzi, pale mtaani Kamalondo, mmoja wenu anayepiga besi aliniuliza mbele ya wenzake, "Tata Kachupa, unaulizaka ile chupa nini?"

"Minaiuliza kama inatafuta kazi," nikamjibu.

Mlicheka sana, nami nikacheka. Lakini nilipofika nyumbani niliona afadhali niwaandikie, maana mimi si mtu wa kutulia mahali pamoja. Mvua zikikatika nitakuwa nimeshaondoka tena, na sijui nani mwingine atawaambia habari hizi. Nina miaka arobaini na kitu tu, lakini kazi yangu ilizeeka na kufa mapema. Mimi ni mstaafu wa chupa.

Ndiyo, chupa. Kabla ya hizo ngoma zenu zenye masahani ya shaba, mpiga gitaa kavu wa mji huu hakutoka nyumbani bila mtu wa kumgongea chupa. Chagueni chupa ya soda, ya kioo kinene. Ya bia ina sauti ya mtu mwenye mafua. Ishikeni shingoni kwa vidole viwili tu, ining'inie, kwa sababu chupa iliyobanwa haisemi. Gongeni kwa msumari mkubwa au mgongo wa kisu. Na mtie maji ndani: yakizidi sauti inashuka, yakipungua inapanda. Hivyo ndivyo tulivyoipatanisha na gitaa. Tukizidisha maji, tunakunywa funda moja, tunagonga tena.

Maji hayo yalinitesa siku moja huko Sakania, kwenye harusi ya mfanyakazi wa reli. Jua lilikuwa kali, watu wamecheza mpaka wamelowa, nami nikaiweka chupa chini nijifute jasho. Mjomba wa bibi harusi akaichukua, akaimimina yote kooni, kisha akatema.

"Mama we! Iko maji tu bule!"

Ngalula, mwimbaji wetu, alikuwa tayari amefungua kinywa kuanza wimbo. Akamgeukia. "Tata, umekunywa muziki yetu. Sasa ni weye njo utaimba."

Mzee wa watu akaimba kweli, na vibaya. Tangu siku ile nilitembea na chupa mbili.

Niliwagongea wengi, lakini watu wangu hasa walikuwa Mumba na mke wake, huyo Ngalula. Mumba alizaliwa Sakania, kusini mwa jimbo letu hili la Katanga, akapakia mizigo stesheni huko kabla ya kuhamia hapa. Madereva wa magari moshi yaliyotoka kusini walikuwa na sahani za santuri za makauboi: wanaume wenye kofia pana wanaoimba habari za farasi, za reli na za mama zao, na katikati ya neno sauti inavunjika, inaruka juu kama imekanyaga moto. Mumba alizipenda nyimbo zile kuliko chakula. Alijinunulia kofia. Alijifunza kupiga kwa vidole viwili namna ile, gumba likitembea chini kama gurudumu. Ila hakuwahi kuona farasi, basi katika nyimbo zake aliimba habari za baiskeli. Ipo moja ambamo baiskeli yake inakufa njiani na anaizika chini ya kichuguu. Watu walilia, nawaambia. Watu wazima.

Ngalula alizaliwa mji huu huu, enzi za jina la Elisabethville, lakini wazazi wake walitoka jimbo la Kasai. Baba yake, Tata Kabeya, alikuwa karani, mtu wa miwani na wa kanisa, aliyeamini kwamba gitaa ni mlango wa ulevi. Hakukanyaga hata onyesho moja la binti yake. Naye Ngalula aliichukua ile sauti ya kuvunjika ya makauboi akaichanganya na kasala, namna ya kwao ya kumsifu mtu kwa kumtajia majina ya mababu zake mmoja mmoja. Hapo ndipo ilipotoka kauboi yetu. Mumba alikuwa na vidole, lakini bila koo la Ngalula tungekuwa tunaiga sahani tu.

Lakini watu hawakutufuata kwa koo wala kwa vidole. Walifuata ugomvi.

Desturi yao ilikuwa hivi. Katikati ya wimbo wa mwisho waliacha kuimba. Gitaa liliendelea polepole, chupa iliendelea, na mume na mke waligombana mbele ya watu, kwa maneno ya kawaida, juu ya jambo lililotokea kweli nyumbani kwao wiki ile.

"Bamama, muniamulie!" Ngalula alianza siku zote. "Huyu bwana anaingiaka mu nyumba na bilato ya matope ku miguu. Nikisema, eti anatafuta wimbo. Wimbo iko mu matope?"

"Na weye?" Mumba alijibu bila kukosa nyuzi. "Mboga ya sombe ya jana ilikuwa na munyu ya kutosha ng'ombe kumi! Babaume, nilikunywa maji mpaka asubui!"

Wanawake walimpigia Ngalula kelele za kumuunga mkono, wanaume walimpigia Mumba, na upande uliopaza sauti zaidi ndio ulioshinda. Aliyeshindwa alikuwa na adhabu moja tu: kubeba vyote mpaka nyumbani. Gitaa mgongoni, kikapu mkononi, na kichwani kile kiti kidogo ambacho Mumba alikikalia akipiga. Mwanamume mwenye kofia ya kauboi, juu yake kiti, anavuka mtaa mzima wa Kenia hapa mjini, na bibi yake nyuma mikono mitupu anapunga kitambaa! Umati uliwasindikiza mpaka mlangoni. Sheria ilisema mpaka nyumbani, na ukiweka mzigo chini njiani, umeshindwa tena kwa wiki ijayo.

Sheria ya pili ilikuwa ngumu zaidi: ugomvi lazima uwe wa kweli. Tulijifunza hilo huko Mitwaba. Tulikuwa tumesafiri siku nyingi, barabara nzuri, wenyeji wakarimu, kuku kila jioni, na wale wawili hawakukosana hata kwa neno. Onyesho likafika, hawana kitu. Wakabuni ugomvi wa sufuria iliyopotea. Bibi mmoja mzee aliyekaa mbele akawaangalia, akainuka, akakung'uta kanga yake.

"Banatudanganya," akawaambia watu. "Aba banapendana tu." Akaenda zake, na nusu ya watu wakamfuata.

Asubuhi yake nilimsikia Ngalula akimwambia mumewe wakinywa chai, "Unikasirishe kidogo, basi. Mangaribi tuko na kazi."

"Nikukasirishe na nini?"

"Mi nitajua? Weye njo fundi."

Mumba akamficha kiatu kimoja. Ukapatikana ugomvi mzuri sana.

Mumba ndiye aliyenifundisha kukaa ndani ya ugomvi ule. Mwanzoni, walipopandisha sauti, na mimi nilipandisha mwendo, mkono wangu ukikimbia kama mbuzi aliyesikia fisi. Alinikalisha chini akaniambia, "Kachupa, gitaa iko yangu, sauti iko ya Ngalula, lakini saa iko yako. Bantu bacheke, balie, siye tugombane kabisa, weye usikimbize saa. Ukikimbiza, tutasema maneno yenye hatuwezi kurudisha."

Liwekeni hilo akilini. Ninyi mnafikiri mwendo ni wa kuchezea miguu tu.

Nimetembea sana tangu enzi zile. Nimeshuka mpaka miji ya shaba ya Zambia, nimerudi Mitwaba mara kadhaa, nimekaa Sakania. Kote nimekuta mume na mke wanaogombana ndani ya wimbo, na kote wananiambia ni mambo ya kwao. Mwaka mmoja nilishuka stesheni ndogo ndani kabisa ya Kasai, nikamkuta kijana anapita na kiti kichwani na gitaa mgongoni, mke wake nyuma anapunga kitambaa, watoto wanapiga kelele. Nikamshika mkono. Nikamwuliza nani kamfundisha. Akanishangaa: "Tata, huku kwetu njo vile tangu zamani." Tangu zamani! Nilikaa juu ya mzigo wangu nikacheka peke yangu mpaka mkuu wa stesheni akaja kuniangalia. Sasa niwaambie kile kiti kilifikaje huko.

Katanga ilipojitenga na nchi, tuliona kwanza bendera mpya na ngoma, nasi tulipata kazi nyingi, maana kila mtu alitaka sherehe. Halafu watu wakaanza kuulizana swali ambalo zamani liliulizwa kwa ajili ya utani tu: kwenu wapi? Jirani mliyechota maji naye miaka yote anakuuliza kwenu wapi, na anangoja jibu. Watu wa Kasai ndio walioulizwa zaidi. Jioni moja nyumba ya Tata Kabeya ilipigwa mawe, madirisha yote. Yeye na mkewe, pamoja na jamaa wengi, wakakimbilia kambi iliyotokea pembezoni mwa mji, ikilindwa na askari wa mataifa wenye kofia za buluu. Ngalula akaenda nao, kwa sababu mama yake alikuwa mgonjwa wa miguu.

Mumba alibaki. Alisema anachunga nyumba yao ya Kenia, isije ikaingiwa na watu. Ilikuwa kweli. Alisema pia ni siku chache tu. Siku chache zikawa wiki, na kila nilipomwuliza kama amekwenda kambini alisema kesho. Njia ya kwenda kule ilikuwa na vijana wenye fimbo wanaouliza lile swali, na kule kambini walikuwapo vijana wengine wenye fimbo wanaouliza lile lile kwa upande wao.

Siku hizo mwenye duka la sahani za santuri alituita. Hakuwa mtu mbaya. Alikuwa na hofu kama sote, na alitaka kuturekodi kabla mambo hayajaharibika zaidi. Akasema jina la Ngalula, jina la Kasai, halitajiki sasa, sahani yenye jina lile hakuna atakayethubutu kuipiga. Ila ametuletea mama mwingine, sauti safi, mtu wa hapa hapa.

Mama mwenyewe aliitwa Feza, mwimbaji wa kwaya, mpole, amevaa kitambaa kipya kwa heshima ya kazi. Tulianza chumba cha nyuma cha duka, mchana, madirisha yamezibwa kwa blanketi ili kelele za barabara zisiingie. Jamani, Mama Feza alijua kuimba. Sauti ilivunjika mahali pake na kurudi mahali pake. Nadhani hata Ngalula angekubali. Mwenye duka alifumba macho akitikisa kichwa.

Tukafika katikati ya wimbo wa mwisho. Wakanyamaza kuimba. Gitaa likaendelea, chupa ikaendelea. Mama Feza akamtazama Mumba, akingoja. Mumba akamtazama Mama Feza. Tuliuzungusha wimbo mara moja, tukauzungusha tena. Mwenye duka akafumbua macho, akamwashiria Mumba kwa mkono: haya, sema.

Mumba akasimamisha nyuzi kwa kiganja.

"Nigombane naye juu ya nini?" akasema. "Huyu mama hayanikosea bado kitu."

"Buni basi! Sema ameunguza chakula."

"Sijakula kwake," Mumba akasema, safari hii taratibu, kama anajieleza mwenyewe. "Simujui hata anapikaka nini."

Mama Feza akainama, akakunja ncha ya kile kitambaa chake kipya. "Na miye, bwana, siwezi kugombana na bwana ya mwenzangu," akasema. "Bibi yako mwenyewe eko. Umufuate."

Mumba akaliingiza gitaa ndani ya gunia lake. Mwenye duka hakumzuia. Alifungua mlango, akasimama kando tupite.

Jumapili, baada ya misa, tulikwenda kambini. Mumba alibeba gitaa, nami chupa zangu mbili. Vijana wa njiani wenye fimbo walituuliza, Mumba akawatajia Sakania na mababu zake, wakatupisha huku wakicheka kofia yake. Askari wa mlangoni aliinusa chupa, akashangaa kukuta maji, akanirudishia. Ndani ilikuwa mji mwingine: vibanda vya magunia, vya mabati na matawi, moshi, foleni za maji, watoto kila mahali. Hatukufika mbali. Vijana wa mle walituzunguka.

"Weye muntu ya Sakania, unatafuta nini huku?"

"Ninafuata bibi yangu," Mumba akasema. "Tuko na ugomvi haiyaisha bado."

Mmoja akamtambua kwa kofia, akacheka, na kicheko kile ndicho kilichotupitisha.

Ngalula alikuwa anafua. Alisimama mikono inachuruzika povu, amekonda. Hakumkimbilia, wala hakumsalimu. Alinigeukia mimi, akaniambia, "Kachupa, uko na maji mu chupa?"

"Iko, yaya," nikamjibu, kama tunavyomwita dada au kaka mkubwa.

"Basi mupige."

Mumba akaketi juu ya debe lililopinduliwa. Hapo tukaona tatizo. Mama yake Ngalula alikuwa amelala mbele ya kibanda, juu ya mkeka, na ninyi mnajua buko: mkwe mwanamume hamkabili mama wa mke wake, sembuse kumpigia gitaa usoni. Kambini hakuna ukuta. Mumba ikabidi ageuke, akapiga akiwa amewapa mgongo mama mkwe na nusu ya watu, kama mtu aliyeadhibiwa shuleni. Watu wakacheka. Walikuwa wameanza kujaa, wengine wamepanda juu ya madebe, na nilimwona Tata Kabeya naye, miwani imevunjika kioo kimoja, amesimama nyuma kabisa.

Ngalula aliimba ubeti mmoja tu. Kisha akanyamaza, na gitaa likaendelea.

"Bamama," akasema, "muniamulie."

Wanawake wakaitikia.

"Banatupa majiwe ku nyumba ya baba yangu. Minamwambia bwana yangu, twende. Ananijibu: enda kidogo, miye ninachunga nyumba." Akageuza kichwa kwa watu wote. "Nyumba iko na miguu? Nyumba inakimbiaka?"

Kicheko kikubwa kikalipuka, hata wale vijana wa fimbo.

"Miye njo niko na miguu," Ngalula akasema. "Miye njo nilikimbia."

Kicheko kikakatika. Mkono wangu ulitaka kwenda mbio. Niliusikia ukitaka, kama mbwa anayevuta kamba. Nikaukaza katika mwendo ule ule, pigo dogo dogo, polepole, nikimtazama Mumba kisogoni kwa sababu uso wake ulikuwa upande wa pili.

Mumba alikuwa na jibu siku zote. Viatu, sombe, sufuria, alikuwa na jibu. Safari hii gitaa lilizunguka likazunguka tena.

"Niliogopa," akasema.

Hakuna mwanamume aliyempigia kelele ya kumsaidia, na hakuna mwanamke aliyemzomea. Tulingoja hukumu, nayo haikuja. Ndipo Tata Kabeya, mtu ambaye hakuwahi kuja kwenye onyesho, akasogea mbele akisukuma watu kwa upole.

"Minasikia iko sheria," akasema.

"Iko, tata," Ngalula akamjibu.

"Bwana ameshindwa. Abebe."

Wanawake wakalipuka kwa vigelegele. Mumba akasimama, kichwa chini, akasema, "Ndiyo, tata." Akaliweka gitaa mgongoni, akalichukua debe alilokalia, akajitwika kichwani juu ya kofia, kisha akauliza kwa sauti ndogo, "Nibebe mpaka wapi?"

Ndilo lililokuwa swali. Ngalula akapangusa povu mikononi. "Jina yetu imeandikwa ku gari moshi ya Kasai," akasema. "Nyumba ya Kenia sirudi. Weye utajua."

Wala hakumsihi. Yeye mwenyewe alikuwa hajawahi kuiona Kasai maishani mwake.

Siku ya safari nilikwenda stesheni. Watu walikuwa wengi kuliko mabehewa, askari wa kofia za buluu wamejipanga, watoto wanapitishwa madirishani. Nikamwona Mumba anakuja katikati ya umati: gitaa mgongoni, vifurushi vya nguo mikononi, na kichwani kile kiti chenyewe, kiti kidogo cha Kenia, alichokwenda kukichukua kabla hajafunga nyumba. Mama mkwe alibebwa na wengine, mbali naye, kama heshima inavyotaka. Ngalula alitembea nyuma yake mikono mitupu. Hakupunga kitambaa.

Akapanda na vyote ndani ya behewa. Nikasogea karibu na mlango kumpokea akishuka, maana nilijua ana nyumba hapa, ana kazi, ana jina, na huko aendako wangemwuliza lile lile swali, kwenu wapi, naye ndiye angekuwa mgeni. Nikangoja. Filimbi ikalia. Nikaita, "Yaya Mumba! Shuka!"

Kichwa chake kikatokea dirishani, kofia imebonyezwa na kiti.

"Sheria inasema mpaka ku nyumba, Kachupa!" akapiga kelele. "Bado kufika!"

Na nyuma yake, ndani ya behewa, nikamsikia Ngalula: "Unanikanyaga na bilato yako!"

Nilikuwa na chupa mfukoni. Nikaitoa, nikaishika shingoni kwa vidole viwili, nikaanza kugonga. Gari moshi likavuta, likaongeza mwendo, likaongeza tena. Mimi sikuongeza.